Mtu Mmoja, Piano Moja: Mwongozo Kamili wa Kuandaa Tamthilia ya Muziki Kuhusu George Grossmith

George Grossmith alikuwa mfupi, mwembamba, na sauti yake ya kuimba ilikuwa ndogo. Hata hivyo, kuanzia mwaka 1877 hadi 1889 ndiye aliyebeba nafasi kuu za uchekeshaji katika opera tisa za kuchekesha za W. S. Gilbert, aliyeandika maneno, na Arthur Sullivan, aliyetunga muziki, jijini London. Kisha, akiwa kileleni, akaacha kazi hiyo kwa hiari yake, akaenda kuzunguka Uingereza na Amerika ya Kaskazini peke yake, yeye na piano. Ndiyo maana namwona kuwa mtu anayefaa kuliko wote wa zama za Malkia Victoria kwa tamthilia ya muziki ya mwigizaji mmoja. Ukimweka peke yake jukwaani unamrudisha kwenye kazi aliyoichagua mwenyewe.

Mwongozo huu ni kwa mwigizaji, mwandishi au kikundi kidogo kinachotaka kuutunga mchezo huo kuanzia ukurasa mtupu hadi usiku wa kwanza. Unachukulia kwamba utaigiza kwa Kiswahili na kwamba huna bajeti kubwa.

Hatua ya kwanza: chagua usiku mmoja

Tamthilia nyingi za maisha ya mtu huanza na kuzaliwa na kuishia kaburini. Matokeo yake hadhira hukaa ikisubiri miaka ipite. Usifanye hivyo. Grossmith alizaliwa Islington, London, tarehe 9 Desemba 1847, na alifariki Folkestone tarehe 1 Machi 1912. Tarehe hizo ziweke kwenye karatasi ya programu, mlangoni, si mdomoni mwa mhusika.

Usiku ninaoupendekeza ni mmoja wa usiku wake wa mwisho kazini, katikati ya mwezi Agosti 1889, katika chumba cha kuvalia cha Savoy Theatre, ukumbi wa London ulioonyesha opera hizo. Grossmith amemaliza kuigiza Jack Point, mchekeshaji wa mitaani katika *The Yeomen of the Guard*, opera iliyofunguliwa tarehe 3 Oktoba 1888. Ameshaamua kuondoka. Kwenye kona ya chumba kuna piano, na mbele yake kuna sisi. Anatujaribishia onyesho lake jipya la peke yake, na kila wimbo anaoujaribu unamvuta kwenye kumbukumbu. Chumba hiki ni cha kubuni; mambo yanayosimuliwa ndani yake yasiwe ya kubuni.

Ukishauchagua usiku, andika swali moja ubandike ukutani juu ya meza yako: kwa nini mtu aliyepata kila kitu kwenye kundi aondoke akasimame peke yake? Tukio lolote lisilogusa swali hilo litoe, hata likichekesha namna gani.

Hatua ya pili: mjue mtu wako vizuri

Kabla ya kuandika mstari wa kwanza, jaza daftari. Haya ndiyo mambo ambayo mchezo hauwezi kusimama bila hayo.

Baba yake, aliyeitwa pia George, alikuwa mwandishi wa habari za mahakama ya Bow Street, na jioni alikuwa akizunguka kutoa mihadhara ya kuchekesha. Mwana akarithi kazi zote mbili. Kwa miaka mingi alikaa mahakamani mchana akiandika maneno ya walevi, wezi wa mifukoni, polisi na mahakimu, na usiku akawaigiza watu kwenye piano. Jambo hili ni hazina kwa mwigizaji wa mchezo wa peke yake, kwa sababu linaeleza kwa nini mhusika wako anaweza kubadilisha sauti kumi ndani ya dakika moja: masikio yake yalifunzwa kizimbani.

Mwaka 1873 alimwoa Emmeline Rosa Noyce, wakapata watoto wanne. Mwaka 1877 Sullivan alimwandikia barua kumuuliza kama angependa kupanda jukwaa la opera kwa muda. Grossmith alisita. Riziki yake ilitegemea kumbi za vyama vya vijana Wakristo na hadhira za watu wacha Mungu, ambao wengi wao waliuona ukumbi wa michezo kuwa mahali pa dhambi. Akijiunga na opera, huenda wasimwite tena.

Alijiunga. Tarehe 17 Novemba 1877 akaonekana katika ukumbi wa Opera Comique kama John Wellington Wells, mganga mwenye duka lake rasmi katika *The Sorcerer*. Zikafuata *H.M.S. Pinafore* (1878), *The Pirates of Penzance* (London, 1880), *Patience* (1881), *Iolanthe* (1882), *Princess Ida* (1884), *The Mikado* (1885), *Ruddigore* (1887) na hiyo ya Jack Point.

Na wakati anaaga Savoy, yeye na mdogo wake Weedon walikuwa wametoa katika jarida la *Punch*, mwaka 1888 hadi 1889, shajara ya kubuni ya karani wa kawaida wa London, *The Diary of a Nobody*. Ilitoka kama kitabu mwaka 1892 na haijaacha kusomwa hadi leo.

Chanzo chako kikuu ni vitabu viwili alivyoandika kuhusu maisha yake, kimoja cha 1888 na kingine cha 1910. Vyote viko huru kusomwa mtandaoni. Visome ukijua vimeandikwa na mchekeshaji: kila kisa kimenolewa ili kiishie kwenye kicheko. Kwako hiyo ni faida, maana mazungumzo karibu yako tayari kwa jukwaa. Kazi yako ni kutafuta alichoruka. Hofu yake, kwa mfano, anaipitia haraka, lakini wenzake waliiona. Sullivan aliandika kwenye shajara yake kwamba usiku wa kwanza wa *The Mikado* mambo yote yalikwenda vizuri isipokuwa Grossmith, ambaye wasiwasi wake nusura uharibu mchezo. Mtu aliyechekesha London nzima alikuwa akitetemeka kila usiku wa kwanza. Hapo ndipo tamthilia yako inapoishi.

Jambo moja zaidi la kuandika kwa wino mwekundu: hakuna rekodi ya sauti yake inayojulikana, ingawa teknolojia ya kurekodi ilikuwapo kabla hajafa. Kwa hiyo usijaribu kumwiga. Huna cha kuiga. Una uhuru wa kumuumba kutokana na noti alizoandikiwa na maneno aliyoandika.

Hatua ya tatu: matukio matano, si ishirini

Mchezo wa dakika 75 bila mapumziko unabeba matukio makubwa matano. Ningechagua haya.

*Majaribio kwa Sullivan.* Sullivan anapiga noti moja ya juu kwenye piano, anamwambia aiimbe kwa nguvu zote. Grossmith anaitoa. Sullivan anamtazama kwa jicho la utani, anasema, "Nzuri sana!" Kisha anampigia wimbo wa kasi wa yule mganga, anamuuliza kama anaweza huo. Grossmith anasema anadhani anaweza. Sullivan anamjibu kwamba kama huo anauweza, mengine yote atayaweza.

*Majibu ya Gilbert.* Grossmith anamwambia mwandishi kwamba kwa nafasi ya mganga alidhani wangetaka mtu mwenye umbo la kuvutia na sauti ya kuvutia. Gilbert anajibu: hapana, hicho ndicho hasa tusichokitaka. Tumia jibu hili mapema, ndani ya dakika kumi za kwanza, kisha lirudie mara moja tu karibu na mwisho. Ndilo jeraha lake, na papo hapo ndilo tiketi yake. Alichaguliwa kwa kile alichokosa.

*Chakula cha mchana na Richard D'Oyly Carte.* Grossmith alitaka guinea tatu zaidi kwa wiki (guinea ni fedha ya Uingereza ya wakati huo, iliyozidi pauni kidogo). Carte, mwenye kampuni iliyoonyesha opera hizo, akamkaribisha chakula, wakala vizuri sana, na mwisho wa mlo Grossmith akawa ameziachilia guinea hizo. Miaka kadhaa baadaye alikokotoa kwamba mlo ule ulikuwa umemgharimu takriban pauni 1,800. Mwigizaji anaweza kucheza tukio hili lote ameketi, na kitambaa cha mezani tu.

*Ugomvi mdogo wa mazoezini.* Wakati wa *The Mikado*, mwigizaji mwenzake Jessie Bond alikuwa akimsukuma na yeye akabiringika sakafuni. Gilbert akataka jambo hilo liondolewe. Grossmith akajitetea kwamba linaleta kicheko kikubwa. Gilbert, kama inavyosimuliwa, akamjibu kwamba hata angekalia pai ya nyama ya nguruwe wangecheka. Gilbert alikuwa akipanga kila hatua ya waigizaji nyumbani kwake kwa kutumia jukwaa dogo la mfano na vipande vya mbao vilivyosimama badala ya watu. Mpe mwigizaji wako vipande kadhaa vya mbao avipange juu ya piano. Kimoja, kifupi kuliko vyote, ndiye yeye mwenyewe. Hadhira itaelewa bila kuambiwa kwa nini anataka kuondoka.

*Ugonjwa wa 1887.* *Ruddigore* ilifunguliwa tarehe 22 Januari, na siku chache baadaye Grossmith akaanguka kitandani akiwa hali mbaya. Kijana Henry Lytton akaingia mahali pake. Opera ikaendelea bila Grossmith. Kwa mtu ambaye maisha yake yote ni jukwaa, kulala kitandani huku watu wakicheka kwa mwingine ni jambo zito. Lipe dakika nane kamili, bila wimbo, na usiogope ukimya wa hadhira.

Nimeacha mengi: kifo cha baba yake mwaka 1880, umaarufu wa *Pinafore*, safari za ng'ambo. Yakigusiwa kwa sentensi moja yanatosha.

Hatua ya nne: panga nyimbo kabla ya maneno

Huu ndio mpangilio wa kazi ninaousisitiza kuliko mwingine wowote. Ukiandika maneno kwanza, nyimbo zitakuwa mapambo. Ukipanga nyimbo kwanza, maneno yatakuwa njia ya kutoka wimbo mmoja hadi mwingine, na mwendo wa moyo wa mhusika utasikika hata kwa asiyefuata kila kisa.

Chukua nyimbo tisa au kumi. Nusu zitoke kwenye opera, nusu ziwe za Grossmith mwenyewe. Aliandika takriban nyimbo na vipande vya piano 600, na watu wengi hawaijui sehemu hiyo ya kazi yake. Wimbo wake wa polka, *See Me Dance the Polka*, wa mwaka 1886, uweke mwishoni. Una furaha isiyohitaji maelezo na unampa mwigizaji nafasi ya kucheza mwili mzima baada ya kukaa sana kwenye kiti.

Kutoka opera, chukua wimbo wa mganga mwanzoni, wimbo wa Meja Jenerali wa *The Pirates of Penzance* katikati pale anapokuwa amefika juu, na wimbo wa Lord Chancellor, jaji mkuu wa *Iolanthe* asiyepata usingizi, pale unapoingia kwenye hofu yake. Wimbo wa ndege mdogo anaoimba Ko-Ko, mnyongaji wa *The Mikado*, yaani *Tit-willow*, unafaa kabla ya ugonjwa. Na wimbo wa Jack Point, *I Have a Song to Sing, O!*, ubaki mpaka karibu na mwisho. Huo asili yake ni wa watu wawili. Mwigizaji auimbe na nafasi ya Elsie, msichana anayeuimba pamoja na Point, ibaki wazi, piano ikipiga sauti yake.

Hesabu dakika. Nyimbo kumi zenye wastani wa dakika mbili na nusu hadi tatu zinakula karibu nusu saa. Zinabaki dakika 45 za maneno. Maneno ya Kiswahili ni marefu, na mwigizaji mwenye matamshi safi husema takriban maneno 100 kwa dakika jukwaani, pamoja na vituo na vicheko. Kwa hiyo hati yako isizidi maneno 4,500. Rasimu ya kwanza mara nyingi huwa maradufu ya hapo, nayo lazima ikatwe.

Kuhusu ufunguo wa muziki, usijifunge na noti za kwenye kitabu. Shusha wimbo toni moja au mbili ikibidi. Katika nyimbo za kasi, mwigizaji anayepigania noti ya juu hupoteza konsonanti, na konsonanti ndizo zinazobeba kichekesho.

Hatua ya tano: nyimbo za kasi kwa Kiswahili

Wengi hudhani haiwezekani. Inawezekana, na sababu yake iko kwenye ushairi wetu wenyewe.

Mshororo wa wimbo wa Meja Jenerali una silabi 16. Mshororo wa shairi letu la kawaida una mizani 16: nane ukwapi, nane utao. Urefu unalingana kabisa. Tatizo ni mkazo. Wimbo wa Sullivan unaanza na noti moja nyepesi kabla ya pigo, hivyo uzito unaangukia silabi ya 2, ya 4, ya 6 na kuendelea. Kiswahili kinaweka mkazo kwenye silabi ya pili kutoka mwisho wa neno, kwa hiyo mshororo wa mizani 16 unataka uzito kwenye ya 15. Ukiuweka jinsi ulivyo juu ya noti za asili, kila neno litasikika limepinda.

Suluhisho: ondoa ile noti ya utangulizi. Anza kuimba moja kwa moja kwenye pigo. Silabi yako ya kwanza inachukua noti ya pili ya Sullivan, na silabi yako ya 16 inachukua noti ya utangulizi ya mshororo unaofuata. Hakuna noti inayopotea, na mikazo yote inakaa mahali pake. Kisha chagua maneno ambayo mikazo yake inaangukia silabi za hesabu witiri: 1, 3, 5, 7 na kuendelea. Kwa mfano:

*Jenerali wa kisasa, kila jambo nalijua,*
*Nyota, mboga na siasa, moja moja nachambua.*

Piga mkono kwa kila silabi ya witiri utasikia inavyokaa. Kina cha kati kipo, cha mwisho kipo, na msikilizaji aliyelelewa kwenye mashairi ya redioni ataunasa mdundo kabla hajaanza kufikiri. Usitafsiri sentensi kwa sentensi. Jua kichekesho cha ubeti ni nini, yaani Jenerali anajua kila kitu duniani isipokuwa vita, kisha uuandike upya kwa vitu ambavyo mtu wa kiburi cha aina hiyo angejivunia. Beti tatu fupi zinatosha. Za asili ni ndefu mno kwa mchezo wa aina hii.

Epuka maneno yenye silabi tatu mwanzoni mwa kipande, maana yanasukuma mkazo kwenye silabi ya shufwa (2, 4, 6). Epuka pia kurundika "nj", "ng'" na "mw" mfululizo. Ulimi utakwama kasi ikipanda.

Wimbo mmoja uache kwa Kiingereza: ule wa Lord Chancellor asiyelala. Mdundo wake ni wa tatu tatu, unakimbia mno, na Kiswahili hakiupendi. Mbele yake weka maneno mafupi ya Kiswahili yanayoeleza jinamizi lenyewe, kisha mwigizaji aachie maneno yamiminike. Hata asiyeelewa neno moja atasikia mtu anayezama katika wasiwasi wake, na hapo ndipo unapotaka afike.

Hatua ya sita: haki, na maneno ya kuondoa

Sullivan alifariki mwaka 1900, Gilbert 1911, Grossmith 1912, Weedon 1919. Muziki na maneno yao ya asili hayana tena ulinzi wa hakimiliki Tanzania, Kenya wala Uingereza. Huhitaji kumlipa mtu. Lakini noti zilizopangwa upya na mwanamuziki wa leo zina mwenyewe, rekodi zina wenyewe, na wasifu ulioandikwa na mtafiti aliye hai una mwenyewe. Tumia matoleo ya zamani ya noti. Hati yako na mashairi yako ya Kiswahili ni kazi mpya: isajili kwenye ofisi ya hakimiliki, COSOTA ukiwa Tanzania au KECOBO ukiwa Kenya, kabla hujaigawa kwa watu.

Kuna jambo lisilo la kisheria ambalo ni zito zaidi. Wimbo wa Ko-Ko wa orodha ya watu wasiotakiwa ulikuwa na neno la kuwadhalilisha watu weusi, likiwalenga waimbaji waliojipaka uso rangi nyeusi. Lilibaki kwenye maandishi kwa miongo mingi. Mwaka 1948 mwandishi A. P. Herbert aliombwa na kampuni ya D'Oyly Carte kuandika mbadala. Matoleo ya zamani ya mtandaoni bado yanalo. Likague, liondoe. Sioni sababu yoyote ya kisanii ya kulitamka mbele ya hadhira. Vivyo hivyo, usimpake mwigizaji rangi wala kumchora macho ili afanane na Mjapani kwa ajili ya Ko-Ko. Aimbe akiwa na suti yake ya jioni, ameketi kwenye piano. *Tit-willow* haihitaji zaidi ya hapo.

Hatua ya saba: watu wengi, mwili mmoja

Wahusika wanaopita mdomoni mwa Grossmith wasizidi sita: Gilbert, Sullivan, Carte, baba yake, Emmeline, na Rutland Barrington, mwenzake wa jukwaani aliyekuwa mkubwa wa mwili kiasi kwamba kusimama kwao pamoja tu kulichekesha.

Kila mmoja mpe alama tatu: mahali anapotazama, kasi ya maneno, na kitu kimoja cha mkono. Gilbert ni mrefu, kwa hiyo Grossmith anapoongea naye anatazama juu, na anapokuwa Gilbert anatazama chini. Sentensi za Gilbert ni fupi na zinaisha ghafla. Sullivan yuko upande wa piano daima, na mkono wake mmoja haupumziki mbali na vitufe. Carte anashika kitambaa cha mezani. Baba yuko nyuma ya hadhira, kama vile kwenye kizimba cha mahakama. Emmeline usimpe sauti ya kubana ya kuiga mwanamke. Sauti ya kawaida iliyoshushwa na mwili uliotulia vinatosha, na vina heshima.

Katika mazungumzo, usizungushe mwili mzima kila mtu anapojibu. Geuza macho kwanza, kidevu kifuate. Fanyeni zoezi la kucheza kisa cha pai bila maneno, kwa macho tu. Mtazamaji asipojua nani anaongea, alama hazijaiva.

Hatua ya nane: nani apige piano?

Grossmith alijipigia mwenyewe. Mwigizaji wako akiweza, swali limekwisha, na mchezo unapata nguvu ambayo hakuna mbadala wake. Asipoweza, mtafute mpiga piano akae jukwaani, aonekane, amevaa kama mpigaji wa mazoezi wa Savoy, asiyesema neno. Mwigizaji anaweza kumgeukia, kumuuliza kwa macho, kumkatiza. Nyimbo mbili nyepesi mwigizaji azipige mwenyewe hata kwa mkono mmoja. Fundisho la miezi mitatu linatosha kwa hilo.

Muziki uliorekodiwa sishauri kabisa. Hadhira ikicheka kwa muda mrefu kuliko ulivyotarajia, mashine haisubiri. Mchezo wa mtu huyu ni kusubiri kicheko kifike mwisho kisha kuingia papo hapo, na mpiga piano aliye hai anapumua pamoja naye.

Hatua ya tisa: mazoezi

Tenga wiki nane. Mbili za kwanza ni za meza na piano: kusoma, kukata, kuweka alama za pumzi kwenye kila wimbo. Nyimbo za kasi zifunzwe kwanza kwa kunong'ona, polepole, mpaka kila konsonanti isikike bila sauti. Kisha kwa sauti ya kuongea juu ya mdundo. Noti ziingie mwisho. Ongeza kasi kidogo kidogo kila siku, na siku ulimi ukikataa rudi nyuma bila kuulazimisha.

Wiki ya tatu hadi ya tano ni za matukio, moja baada ya jingine. Ya sita, unganisha. Ya saba, waite watu wachache wasioijua kazi hii kabisa, wakae mita mbili kutoka kwa mwigizaji. Usiwaulize kama wamependa. Waulize kwa nini Grossmith anaondoka Savoy. Wakitoa majibu matatu tofauti yenye uzito, mchezo umekamilika. Wakikujibu "sijui", rudi kwenye hatua ya tatu.

Mwigizaji anywe maji ya uvuguvugu na afanye onyesho zima mara moja tu kwa siku wiki ya mwisho. Sauti yenye dakika 75 za kazi bila mwenzake wa kuipumzisha huchoka haraka kuliko anavyodhani.

Hatua ya kumi: jukwaa, mavazi, taa

Piano, kiti, meza ndogo, kitundikio cha kofia. Suti nyeusi ya jioni yenye mkia, shati jeupe. Kwenye kitundikio ning'iniza kitu kimoja kwa kila nafasi: kofia ndefu ya mganga mfanyabiashara, kofia ya admirali wa *Pinafore*, ua la yungiyungi la Bunthorne, mshairi wa *Patience*, wigi la Lord Chancellor, shoka la Ko-Ko, kofia ya kengele ya Jack Point. Fundi wa mitaani atakushonea vyote. Piano halisi ikikosekana, chukua kinanda cha umeme chenye vitufe 88 ukifungie ndani ya boksi la mbao, spika ikiwa ndani ya boksi hilo hilo ili sauti itoke mahali macho yanapotazama.

Taa zina hadithi yake. Opera Comique ilimulikwa kwa gesi. Savoy, iliyofunguliwa tarehe 10 Oktoba 1881, ilikuwa jengo la kwanza la umma duniani kumulikwa lote kwa umeme. Jukwaa lenyewe likaunganishwa mwezi Desemba, na Carte akatoka mbele ya watu akavunja balbu iliyokuwa inawaka kuwaonyesha kwamba haina hatari. Tumia rangi ya njano iliyokolea kwa kumbukumbu zote za kabla ya hapo, na mwanga mweupe kwa zinazofuata. Taa nne zinatosha kazi nzima.

Kwa mwisho wa Jack Point, kuwa mwangalifu. Maandishi ya Gilbert yanasema anaanguka amepoteza fahamu. Hayasemi amekufa. Waigizaji wa baadaye, Lytton akiwa mmojawapo, ndio waliokifanya kuwa kifo. Mwigizaji wako aanguke, akae chini kwa pumzi chache, kisha asimame, avue kofia ya kengele, aiweke juu ya piano, na polka ianze mara moja.

Hatua ya kumi na moja: kupeleka mchezo kwa watu

Kibali cha onyesho kiulizie mapema. Tanzania, BASATA, yaani Baraza la Sanaa la Taifa, ndiyo mlango wa kwanza. Ukumbi wa watu 80 hadi 150 unafaa kuliko ukumbi mkubwa, kwa sababu macho ya mwigizaji ni nusu ya mchezo. Usitumie kipaza sauti ukumbi ukiwa mdogo. Ukienda shuleni au vyuoni, tenga nusu saa baada ya onyesho mpiga piano afundishe ubeti mmoja wa Jenerali kwa wote waliopo. Wanafunzi waliozoea ngonjera huushika haraka.

Kwa safari, kila kitu kiingie kwenye masanduku mawili na mfuko wa suti. Beba nakala mbili za noti, moja akae nayo mtu ambaye si mpiga piano. Fika ukumbini zikiwa zimebaki saa nne onyesho lianze, jaribu piano kitufe kwa kitufe, na kama kuna vitufe vilivyokufa, badilisha ufunguo wa nyimbo zinazovihitaji wakati hadhira bado haijafika.